Namna ya kutengeneza filamu ya majaribio kuhusu mtu na mashine yake

Filamu nyingi zinazohusu mtu na teknolojia husema neno lilelile: tumezama kwenye simu, hatutazamani tena usoni, na siku moja mashine zitatutawala. Mtazamaji anayajua hayo hata kabla hajaketi. Anaonyeshwa uso uliomulikwa na mwanga wa buluu, muziki mzito unanguruma, halafu majina yanapanda. Filamu ya majaribio haina haja ya kupita hapo. Kwa kuwa haidaiwi hadithi, wahusika wala mwisho unaoeleweka, inaweza kuiachia mashine nafasi ya kuigusa filamu yenyewe: iamue baadhi ya mambo, ikosee, na makosa yake yabaki yakionekana. Njia hiyo ndiyo inayofuatwa hapa.

Utahitaji simu yenye kamera, kitu cha kuisimamishia, kompyuta, vipokea sauti vya masikioni na daftari. Programu za bure za kuhariri zinatosha, iwe Kdenlive, Shotcut au toleo la bure la DaVinci Resolve. Pakua pia Audacity kwa ajili ya sauti na FFmpeg kwa ajili ya kubadili aina za faili. Kamera ya bei kubwa haitakusaidia sana, maana sehemu ya kazi hii ni kuharibu picha.

Hatua ya 1: Tafuta kitenzi

Usianze na neno "teknolojia". Ni pana mno, na filamu inayoanzia hapo huishia kuwa hotuba. Chagua kifaa kimoja, kisha tafuta kitenzi kinachoeleza mtu anakifanyia nini, au kinamfanyia nini: kusubiri, kutii, kubembeleza, kukwepa, kutunza, kudanganya. Mtu anayebonyeza kitufe cha lifti mara ya tano, ilhali taa yake imeshawaka, anabembeleza. Anayeinua simu juu ya kichwa akizunguka chumba kutafuta mtandao anaomba. Anayeandika neno la siri huku ameziba vidole anawakwepa watu, na papo hapo anaithibitishia mashine kwamba yeye ndiye.

Kifaa si lazima kiwe na skrini. Miwani ni teknolojia. Cherehani, kifaa cha kusaidia kusikia, kiti cha magurudumu, saa ya ukutani na mashine ya kupimia presha vimeshikamana na mwili kuliko simu, na watengenezaji filamu bado hawajavichosha. Ningeombwa kuchagua kati ya filamu nyingine ya simu na filamu ya cherehani, ningeketi kuitazama ya cherehani bila kuuliza swali la pili.

Ukishapata kifaa, usiguse kamera kwanza. Omba ruhusa ya kumtazama mtu mmoja akikitumia kwa muda wa saa nzima, na uandike mwili wake tu. Kidole gumba kinakaa wapi kikiwa hakina kazi? Shingo inapinda lini? Je, pumzi inasimama wakati mashine inafikiri? Midomo inasema kitu bila sauti? Usiandike unachodhani anahisi. Ukimaliza utakuwa na orodha ya vitendo vidogo, vingi vya kawaida, na kimoja au viwili ambavyo hukuwahi kuviona ingawa vimekuwa mbele ya macho yako miaka yote. Hivyo ndivyo utakavyovipiga picha.

Hatua ya 2: Jiwekee sharti

Hapa ndipo filamu ya majaribio inapoachana na video ya kujaribujaribu tu. Sharti ni kanuni moja utakayoifuata hata pale inapokuudhi, na kwa mada hii sharti zuri hufanya kitu kimoja: linauondoa uamuzi fulani mikononi mwako na kuukabidhi kwa mashine, au linauondoa kwa mashine na kuurudisha mwilini.

Mfano unaofaa kutajwa ni wa Michael Snow, msanii wa Kanada. Kwa ajili ya La Région centrale, filamu yake ya mwaka 1971 ya takriban saa tatu, kamera ilifungwa kwenye mkono wa mashine uliotengenezwa maalumu, katika eneo la milima lisilo na watu huko Quebec. Mashine iliizungusha kamera kila upande, juu chini, hadi anga na ardhi vikapoteza nafasi zake. Hakuna mtu anayeonekana, lakini mtazamaji hawezi kuacha kuuliza ni nani anayetazama.

Huhitaji mkono wa mashine. Haya ni masharti ambayo mtu mmoja anaweza kuyatimiza:

– Kamera inawaka kila arifa inapoingia kwenye simu ya mhusika, inapiga sekunde kumi, inazimwa. Siku ikipita bila arifa, siku hiyo haimo kwenye filamu.

– Kila shoti inakatwa pale mhusika anapopepesa macho. Hapa saa ya filamu ni mwili.

– Maneno yote ya filamu yatoke kwenye manukuu ya kujiandika yenyewe. Mpe msaidizi wa sauti wa kompyuta mlio wa feni, wa printa, wa mlango unaolia, aandike anachodhani amesikia, kisha uyatumie maandishi hayo kama yalivyo.

– Mashine haionekani hata mara moja. Tunaona miili tu ikiihudumia.

Andika sharti lako kwa sentensi moja na ulibandike ukutani. Ukihitaji sentensi tatu kulieleza, halijaiva. Lipime hivi: je, linaweza kukunyima shoti unayoipenda? Kama haliwezi, hilo ni pambo, tafuta jingine.

Hatua ya 3: Tengeneza dakika moja kwanza

Piga, hariri na utazame dakika moja ukifuata sharti lako, ndani ya siku moja. Usiionyeshe kwa mtu. Kazi yake ni kukuonyesha kama sharti linazaa picha au linazaa maelezo. Likizaa maelezo, rudi hatua ya pili bila huruma.

Hatua ya 4: Piga picha huku ukijua mashine inaona nini

Zima kwanza yale kamera ya simu inayoyafanya bila kukuuliza. Funga fokasi, funga mwangaza, funga rangi. Kwenye simu nyingi ukishikilia kidole juu ya skrini kwa muda, fokasi na mwangaza vitafungwa, na programu za kamera zenye mipangilio ya mkono hukupa vilivyobaki. Au fanya kinyume chake: ziache zote wazi kwa makusudi, mtu atembee mbele ya kamera, na uipige kamera ikihangaika kuamua kitu gani ni muhimu. Fokasi inayokwenda na kurudi ikitafuta uso ni mojawapo ya picha za kweli kabisa za mada hii, kwa sababu unaona mashine ikikisia. Unachotakiwa kuepuka ni kuwa katikati, ambapo mtazamaji hajui kama umekusudia.

Kasi ya fremu, yaani idadi ya picha kwa sekunde, ina maana yake. Fremu 24 au 25 kwa sekunde zinafanana na sinema. 50 au 60 zinafanana na matangazo ya moja kwa moja na michezo ya kompyuta. Kwa fremu 25, kawaida kasi ya shata, yaani muda ambao kila fremu inapokea mwanga, huwekwa 1/50 ya sekunde. Kuna sababu nyingine ya kuifahamu namba hiyo. Panapotumika umeme wa mzunguko wa 50 Hz (mizunguko 50 kwa sekunde), taa nyingi huwaka na kufifia mara 100 kwa sekunde. Jicho halioni, kamera inaona. Ukiweka shata 1/50 au 1/100, mwanga unatulia. Kwenye umeme wa 60 Hz, weka 1/60 au 1/120. Ukipandisha shata hadi 1/1000 chini ya taa hizo, mistari ya giza huanza kupita kwenye picha, maana kihisi cha kamera ya simu husoma picha mstari baada ya mstari na hukuta taa ikiwa kwenye hali tofauti kila mara. Mafundi wa video huikimbia mistari hiyo. Wewe ifikirie mara mbili: ni mazungumzo ya mashine mbili ambayo mtu aliyesimama chumbani humo hayasikii.

Yapo mengine ya namna hiyo. Elekeza rimoti ya televisheni kwenye kamera ya mbele ya simu na ubonyeze kitufe; kamera nyingi za mbele zitaonyesha taa ikimweka, kwa kuwa zinaona mwanga wa infraredi tusiouona sisi. Kamera inayoona gizani huenda mbali zaidi. Simu zinazomtambua mwenyewe kwa infraredi hurusha maelfu ya vitone usoni kila anapozitazama, na kamera ya namna hiyo inaweza kuvionyesha. Mtu anayefungua simu yake gizani, uso umejaa nukta asizozijua: hiyo ni shoti isiyohitaji muziki.

Ukipiga skrini, utakutana na mawimbi ya rangi yanayoogelea juu ya picha. Yanatokea kwa sababu safu za pikseli za skrini na safu za kihisi hazilingani. Sogea nyuma, geuza pembe kidogo, au legeza fokasi kwa kiasi kidogo sana. Au songa mbele kabisa, kwa lenzi ya kukuza, hadi herufi na nyuso zivunjike kuwa vijiti vyekundu, kijani na buluu. Ukisharuka hadi hapo, usirudi katikati ya shoti. Mpe mtazamaji muda wa kusahau kwamba ilikuwa sura.

Kwa vitendo vya polepole, piga picha za mnato kwa vipindi. Hesabu ni rahisi: picha moja kila sekunde 5 kwa saa nzima hutoa picha 720, na kwa fremu 24 hizo ni sekunde 30 za filamu. Mtu aliyekaa saa nane mbele ya kompyuta anakuwa dakika nne. Mashine haitasogea. Mwili utateleza, utainuka, utateleza tena, na hiyo pekee inaweza kuwa filamu nzima.

Kisha jaribu mrejesho, yaani kamera inayotazama picha yake yenyewe. Unganisha kamera au simu na televisheni ili kinachoonwa na kamera kionekane hapo hapo kwenye skrini, halafu ielekeze kamera kwenye skrini hiyo. Utapata njia isiyo na mwisho. Inamisha kamera kidogo, njia inageuka kuwa mzunguko. Badilisha ukuzaji, punguza mwangaza wa skrini, pitisha mkono katikati. Kila pitio huchelewa kwa sehemu ndogo ya sekunde, hivyo ishara moja ya mkono hurudi ikiwa imechelewa, ikarudi tena, ikiwa imeharibika zaidi. Hakuna programu ya kompyuta inayoiga jambo hili vizuri kama linavyotokea lenyewe. Rekodi kwa muda mrefu bila kusimamisha, kwani dakika nzuri huja bila taarifa na haziji mara mbili.

Hatua ya 5: Iharibu picha ukijua unachokivunja

Picha iliyoharibika kidijitali sasa ni mtindo, na programu nyingi za simu zinauza uharibifu wa kubonyeza mara moja. Usitumie hizo. Uharibifu wao ni vazi lililovishwa juu ya picha nzima, na jicho linatambua. Fanya mwenyewe, kwenye nakala, asili ikiwa imehifadhiwa mahali pengine.

Njia ya kwanza inategemea namna video inavyobanwa. Faili ya video haihifadhi kila fremu kikamilifu. Huhifadhi fremu kamili mara mojamoja, na baina yake huandika tu kitu gani kimesogea na kimesogea kwenda wapi. Ukiunganisha shoti mbili kisha ukaifuta fremu kamili ya mwanzo wa shoti ya pili, kompyuta hukosa sura ya kuanzia. Hutekeleza mwendo wa shoti ya pili kwa rangi na maumbo ya shoti ya kwanza. Ukianza na uso wa mtu uliotulia na kuufuatisha na magurudumu ya mashine yanayozunguka, uso huo utazungushwa na magurudumu yasiyoonekana. Inafanya kazi vizuri zaidi kwenye faili za AVI zenye kodeki (njia ya kubana video) ya Xvid. Tumia FFmpeg kubadili shoti zako kuwa aina hiyo, ukiagiza fremu kamili ziwe chache iwezekanavyo na fremu za aina ya B (zinazotegemea fremu za kabla na za baada yake) zizimwe, kisha ondoa fremu hiyo moja kwa programu inayokuonyesha aina ya kila fremu. Ukimaliza, rekodi matokeo upya kama video ya kawaida, vinginevyo programu yako ya kuhariri inaweza kuyakataa.

Chagua shoti zako kwa maana. Magurudumu na uso, mikono na foleni ya magari, mdomo na printa. Ukichanganya chochote na chochote utapata ukungu wa rangi unaopendeza kwa sekunde sita, basi.

Njia ya pili ni kuipitisha picha kwenye programu ya sauti. Hifadhi fremu moja kama faili ya BMP. Ifungue kwa Audacity kwa njia ya kuingiza data ghafi, ukichagua usimbaji wa U-Law. Picha yako sasa ni wimbi la sauti, na ukilicheza litapiga kelele mbaya, kwa hiyo punguza sauti kwanza. Acha sehemu ndogo ya mwanzo bila kuigusa, maana huko ndiko kuna maelezo yanayoiambia kompyuta kwamba hii ni picha. Sehemu iliyobaki itie mwangwi, igeuze nyuma mbele, au ipandishe sauti. Usitumie kitu kinachobadilisha urefu wake. Hamisha tena kama data ghafi isiyo na kichwa (yaani bila maelezo mapya mwanzoni mwa faili), kwa U-Law ileile, na uifungue kama picha. Mwangwi utaonekana: umbo la mtu litajirudia pembeni, likififia. Anza na picha za mnato kumi au ishirini. Video nzima ni mamia ya fremu, na ni kazi ya kumaliza subira ya mtu yeyote.

Njia ya tatu ni ya kurudia. Mwaka 1969 mtunzi wa Marekani Alvin Lucier alijirekodi akisoma maelezo mafupi ya kile alichokuwa akikifanya, akaicheza rekodi hiyo chumbani na kuirekodi upya, akaicheza hiyo mpya na kuirekodi tena, hadi maneno yakapotea na mlio wa chumba chenyewe ukabaki. Kwa picha, cheza shoti kwenye skrini na uipige upya kwa simu, kisha icheze hiyo na uipige tena. Au itume kwa programu ya ujumbe inayobana video, ipakue, uitume tena. Hifadhi kila kizazi. Mtu aliye kwenye shoti awe anafanya jambo linalotambulika hata likibaki kivuli, kama kupunga mkono au kunywa maji, ili tujue ni wapi hasa tulipompoteza.

Usiunganishe njia zote tatu katika filamu moja. Moja inatosha, na iwe ile inayotokana na kitenzi chako.

Hatua ya 6: Rekodi sauti kama kazi inayojitegemea

Maikrofoni ya simu inasikia hewa. Mashine nyingi husema kupitia miili yao, hivyo tafuta maikrofoni ya kugusa: kisahani cha piezo (kinachogeuza mtikisiko kuwa ishara ya umeme) kilichounganishwa na waya, fundi wa redio anaweza kukitengeneza kwa muda mfupi. Kibandike kwenye kasha la kompyuta, mlango wa lifti, mguu wa cherehani. Kisha kibandike kooni mwa mhusika na umwambie ameze mate. Sauti hizo mbili zitafanana kuliko unavyotarajia, na kufanana huko hakuhitaji msimulizi wa kukueleza.

Redio ya zamani yenye masafa ya AM ni chombo kizuri pia. Iweke kati ya vituo viwili, isogeze karibu na chaja, kompyuta au taa ya LED, na utasikia mivumo na milio inayobadilika kila kifaa kinapofanya kazi. Rekodi mtu akiandika ujumbe huku redio iko pembeni ya simu.

Mvumo wa transfoma na wa taa za mirija una noti yake. Kwa umeme wa 50 Hz, mvumo huo mara nyingi ni wa 100 Hz, yaani mara mbili ya mzunguko. Kwa 60 Hz ni 120. Mwombe mhusika auimbe kwa mdomo uliofungwa, akifuatisha mashine. Mtu mwenye sauti nzito ataufikia, mwingine ataimba oktavu ya juu. Pale anapokosea kidogo utasikia mapigo yakipita kati ya sauti hizo mbili, na yanazidi kuwa ya polepole kadiri anavyoikaribia noti. Mapigo hayo mashine haiyatoi peke yake, wala mtu hayatoi peke yake. Ungetafuta muziki wa aina gani tena?

Rekodi ukimya wa kila chumba kwa dakika nzima kabla ya kuondoka. Na kaa mbali na ule mngurumo mzito wa kompyuta unaowekwa kuashiria hatari. Umechakaa.

Hatua ya 7: Hariri bila hadithi, si bila mpango

Hariri kwa kufuata sharti, kisha tazama kama limeleta mdundo. Filamu isiyo na hadithi hubebwa na marudio yenye tofauti. Mkono unabonyeza, mkono unabonyeza, mkono unasita. Mtazamaji akishaizoea kanuni ndipo kule kusita kunapata uzito, kwa hiyo usiwe na haraka ya kubadilisha. Mwanzoni kabisa onyesha kanuni inavyofanya kazi, waziwazi, hata mara tatu mfululizo. Watu huvumilia ugeni wakijua mchezo unachezwaje.

Chapisha fremu moja ya kila shoti kwenye karatasi na uzitandaze sakafuni. Zipange kwa mwelekeo wa mwendo, kwa ukaribu wa mwili na mashine, kwa mwanga. Mpangilio ambao usingeufikiria mbele ya kompyuta utajitokeza sakafuni. Halafu tazama filamu mara moja bila sauti, na mara nyingine isikilize umegeuzia skrini mgongo. Upande ambao haujitegemei ndio unaohitaji kazi.

Kazi ya uhariri yenyewe inaweza kuingia kwenye filamu. Katika Mtu mwenye Kamera, filamu ya Dziga Vertov ya mwaka 1929, kuna sehemu ambapo picha zinasimama, na tunamwona mhariri Elizaveta Svilova mezani, akishika vipande vya filamu ambavyo muda mfupi baadaye vinaanza kutembea. Kwako meza hiyo ni skrini. Unaweza kurekodi skrini ya kompyuta yako ukihariri, pamoja na ule mstari unaosema bado asilimia kadhaa, na uso wako unaoakisiwa kiooni ukingoja.

Ukitumia picha zilizotengenezwa na akili unde, zitumie pale inapokosea, kwa sababu hapo ndipo inapoonyesha inavyotuelewa. Mikono na vifaa ni mahali pazuri pa kuanzia: iombe mashine ikuchoree mtu akitumia kifaa chako, na uone ni nani ameshika nani. Waambie watazamaji, kwenye majina ya mwisho, ni picha zipi.

Urefu? Dakika tatu hadi nane kwa filamu ya kwanza. Kanuni ikishasema ilichonacho, kata.

Hatua ya 8: Ruhusa, nyuso na macho ya watazamaji

Kila mtu anayetambulika kwenye filamu apewe maelezo na akubali kwa maandishi, na aambiwe pia kama uso au sauti yake itaharibiwa au kuigwa na programu. Kuwa mwangalifu na skrini za watu: arifa moja iliyojitokeza inaweza kubeba jina, namba ya simu na siri ya mtu ambaye hayupo chumbani. Tumia simu iliyosafishwa au funika maandishi kwenye uhariri.

Vizuizi vya kisheria vinaweza kuwa sharti zuri kuliko lile ulilobuni. Msanii Manu Luksch alitengeneza filamu ya Faceless, iliyotoka mwaka 2007, kwa picha za kamera za ulinzi za London zilizomnasa yeye mwenyewe, ambazo aliziomba kwa kutumia sheria ya Uingereza ya kulinda data. Ili kulinda faragha ya watu wengine, nyuso zao zilifunikwa. Kutokana na kufunikwa huko akapata hadithi ya ulimwengu ambao watu hawana nyuso.

Kuhusu mwanga unaomweka: picha inayowaka na kuzima zaidi ya mara tatu kwa sekunde inaweza kumletea kifafa mtu mwenye hali ya kuathiriwa na mwanga. Tony Conrad alianza The Flicker, filamu yake ya mwaka 1966 ya fremu nyeusi na nyeupe, kwa onyo kwa watazamaji. Weka onyo mwanzoni, liandike pia kwenye maelezo ya filamu, na mwambie anayeionyesha.

Hatua ya 9: Itoe na uionyeshe

Picha iliyoharibiwa kwa makusudi inateswa na mitandao ya video. Chenga, mistari na vipande vya pikseli vina taarifa nyingi, na programu inayobana video huvigeuza kuwa uji. Toa faili kuu kwa ProRes au kodeki nyingine isiyobana sana, kisha kutoka humo tengeneza nakala ya H.264 yenye kasi kubwa ya data. Kama filamu ni ya 1080, kuikuza hadi 4K kabla ya kuipakia husaidia mara nyingi, kwa kuwa mitandao kadhaa huzipa faili za 4K nafasi kubwa zaidi. Usipunguze chenga ili ipite vizuri. Badilisha njia ya kuionyesha.

Amua mapema filamu inatazamwa wapi. Ukumbini, watu wameketi gizani na hawawezi kuigusa. Kwenye maonyesho ya sanaa inazunguka bila mwanzo, hivyo fremu ya mwisho iungane na ya kwanza. Kwenye simu, inashikwa na mkono uleule unaouonyesha, na arifa halisi zitaingia juu yake. Filamu ya sharti la arifa ingestahili kuonyeshwa huko na si penginepo.

Matamasha ya filamu fupi yana nafasi kwa kazi hizi. Oberhausen la Ujerumani lipo tangu 1954, na la Ann Arbor, Marekani, tangu 1963, nalo limejengwa juu ya filamu za majaribio. Soma masharti ya kila tamasha kabla ya kuipakia filamu hadharani, maana mengine hutaka kuwa ya kwanza kuionyesha. Kwenye maelezo mafupi usiandike kwamba filamu "inachunguza uhusiano kati ya binadamu na teknolojia". Wateuzi husoma sentensi hiyo kutwa. Waandikie sharti lako kama lilivyo ukutani, urefu wa filamu, kifaa ulichotumia na onyo la mwanga. Kisha hifadhi faili kuu, sauti peke yake, shoti asili na orodha ya programu na matoleo uliyotumia kwenye diski mbili zinazokaa sehemu tofauti, kwa sababu toleo jipya la programu huenda likarekebisha kosa lilelile ambalo filamu yako imesimama juu yake.